Shaaban Robert na Neno la Kutosha

Shaaban Robert hakusoma chuo kikuu. Chuo kikuu cha kwanza cha Tanganyika kilipofunguliwa Dar es Salaam Oktoba 1961, kikiwa na kitivo kimoja tu cha sheria, yeye alikuwa mtu mzima wa miaka 52 aliyekwisha kuacha kazi ya serikali. Miezi minane baadaye, Juni 1962, akafariki. Sisi tunaosoma leo tunamkuta kwenye orodha za vitabu, kwenye jina la mtaa mjini na kwenye maswali ya mtihani wa fasihi. Mimi nataka kumweleza kwa njia nyingine, kupitia neno moja la Kiingereza ambalo Waingereza walio wengi hawalisemi tena: enow.

Najua kuna atakayeuliza, Shaaban Robert na ushairi wa Kiingereza wapi na wapi? Twende taratibu, tutafika.

Alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 Vibambani, Machui, kusini kidogo ya mji wa Tanga. Robert ni jina la baba yake. Asili ya wazazi ilikuwa Uyaoni, ila mwenyewe alijihesabu Mswahili na akalisimamia hilo. Alisoma Dar es Salaam kuanzia 1922 hadi 1926, akapata cheti cha kumaliza shule, na darasa likaishia hapo. Mwaka huohuo wa 1926 akaingia forodhani kuwa karani, akaanzia Pangani. Forodhani alikaa mpaka 1944. Baadaye alifanya kazi katika ofisi nyingine za serikali ya kikoloni, ikiwemo ofisi ya wilaya ya Tanga na idara ya upimaji ardhi, mpaka 1960.

Hebu fikiria kazi yenyewe. Karani wa forodha anaandika mizigo, kodi na tarehe, mwaka wa kwanza mpaka wa kumi na nane. Pembeni ya hayo madaftari ndipo mtu huyu alipoandika mashairi, tenzi, insha na riwaya. Barua alizomwandikia ndugu yake Yusuf Ulenge kati ya 1931 na 1958 zilikuja kuchapishwa kitabu, na ukizisoma unamwona mtu wa kawaida kabisa mwenye familia, uhamisho wa kikazi na miswada inayosubiri. Mkewe Amina alifariki akamwachia watoto, naye akamwombolezea kwa shairi. Binti yake Mwanjaa akamtungia Utenzi wa Hati, na mwanawe Suleiman akamtungia Utenzi wa Adili, kila mmoja na mawaidha yake. Kusadikika ilitoka 1951. Aliandika pia wasifu wa Siti binti Saad, mwimbaji mkubwa wa taarabu wa Unguja. Lakini Kufikirika, Utubora Mkulima na Siku ya Watenzi Wote zimetoka yeye akiwa kaburini tayari.

Katikati ya kazi zote hizo kuna moja ambayo wenzangu wengi wa idara ya lugha hawaigusi: tafsiri yake ya mashairi ya Omar Khayyam. Khayyam alikuwa mwanahisabati na mnajimu wa Uajemi, mzaliwa wa Nishapur mwaka 1048, aliyefariki 1131. Mashairi yanayobeba jina lake ni ya beti fupi za mistari minne. Mwingereza Edward FitzGerald, aliyezaliwa 1809, miaka 100 kamili kabla ya Shaaban Robert, aliyatia katika Kiingereza na kuyachapisha 1859. Nakala zilikuwa 250, jina la mfasiri halikuwekwa, na hazikununuliwa. Mwenye duka akaishia kuzitupa kwenye sanduku la vitabu vya senti moja. Baadaye watu wakaziokota, zikasifiwa, na kazi ile ikawa kati ya mashairi yanayojulikana zaidi katika Kiingereza. Kutoka hapo ndipo ikamfikia karani wa Tanganyika, naye akaileta kwetu. Mashairi yametoka Uajemi, yakapita Uingereza, yakashukia Tanga.

Sasa tufike kwenye neno lenyewe. Kuna ubeti mmoja maarufu ambamo mshairi anahesabu vitu vichache: mkate, mvinyo, kitabu cha mashairi, na mpenzi anayeimba kando yake chini ya tawi la mti, huko nyikani. Anasema kwamba na hivyo tu, nyika ingekuwa pepo ya kutosha. Kwa hilo la kutosha FitzGerald hakuandika enough, neno tulilofundishwa shule ya msingi. Aliandika enow, linalotamkwa kama inau.

Wengi husema enow ni enough ya kizamani, basi, yameisha. Hayajaisha. Zamani Kiingereza kilikuwa na maumbo mawili. Enough lilitumika kwa kitu kisichohesabika, kama maji au mkate, na enow lilitumika kwa vitu vinavyohesabika, kama watu au meli. Samuel Johnson, kwenye kamusi yake ya 1755, bado aliliandika enow kuwa ni wingi wa enough. Shakespeare katika tamthilia ya Henry V amelitumia kwa askari wanaohesabiwa kabla ya vita, kama wanatosha kufa au la. Kwa mswahili hii si habari ngeni hata kidogo. Sisi tunasema mkate unatosha, watu wanatosha, viti vinatosha, maji yanatosha. Kitenzi kinamfuata mwenye kutosha. Kiingereza nacho kilikuwa na kaupatanisho kake kadogo, kikakaacha njiani.

Kufikia siku za FitzGerald, upatanisho huo ulikuwa umeshakufa katika Kiingereza cha mjini. Neno lilibaki midomoni mwa watu wa Scotland na kaskazini ya Uingereza, na likabaki kwenye mashairi. Ndiyo maana yeye analitumia kwa pepo moja, wala si kwa wingi wa kitu. Alilihitaji kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kina, kwa sababu linafanana mwisho na yale maneno ya tawi na ya wewe ya kizamani aliyokwisha kuyaweka juu yake. Ya pili ni harufu, ile harufu ya sanduku la mbao ambalo halijafunguliwa muda mrefu. Kwa hiyo neno hilihili moja kwa mkulima wa kaskazini lilikuwa neno la kila siku, na kwa msomaji wa London lilikuwa pambo.

Hapa ndipo Maparoni inapoingia. Mimi ni mtu wa huko, kisiwani, delta ya Rufiji, wilaya ya Kibiti. Ukishafika Nyamisati barabara imekwisha, unapanda boti na kukata katikati ya mikoko. Nyumbani kwetu bibi akipima unga au mchele kabla ya kupika, huangalia sufuria, huangalia idadi ya vichwa uani, halafu husema kama utatukifu au hautatukifu. Kukifu ni kutosha. Neno limetoka Kiarabu siku nyingi na kamusi zinalo, lakini ukilisema kantini hapa chuoni watu wanakutazama kama vile umevaa kanzu ya babu. Niliwahi kulitumia kwenye semina, na aliyekuwa akiongoza akaniambia kwamba hilo ni neno la kishairi, nitumie Kiswahili cha kawaida. Nikanyamaza, lakini nikawa nawaza: kwa bibi yangu ni neno la sufuria. Limekuwa la kishairi kwa sababu ya umbali tu.

Ukiangalia kazi ya mshairi wa Kiswahili utaona kwa nini umbali huo ni mali. FitzGerald alihangaika na vina kwa sababu Kiingereza ni maskini wa vina. Sisi vina tunavyo tele, maneno yetu karibu yote yanaishia na irabu. Kinachotubana ni mizani. Moyo una mizani mbili, mtima una tatu. Inatosha ina nne, yatosha ina tatu, yakifu nayo ina tatu lakini inakupa kina cha fu badala ya sha. Ndiyo maana mshairi anafupisha maneno kwa inkisari, anayarefusha kwa mazda, na anatembea pwani nzima kukusanya maneno ambayo mahali fulani yanasemwa na mahali pengine yamesahaulika. Shaaban Robert alikuwa mkusanyaji wa namna hiyo. Kitabu chake kimoja alikiita Pambo la Lugha, na jina hilo linakuambia alivyouona ushairi. Pale alipokosa neno, alitengeneza. Utubora ni utu na bora yameunganishwa, na akampa mkulima wake jina hilo.

Likizo iliyopita niliwaeleza wazee wa Maparoni habari ya ubeti ule wa nyika. Wale ni watu waliokua na maulidi na tenzi, beti ya mistari minne kwao ni kitu cha nyumbani. Baba yangu mdogo akaniuliza swali gumu: iweje Mwislamu, mwana wa watu wa Tanga, ashughulike na mashairi yaliyojaa mvinyo? Mzee mwingine akamjibu kwamba tangu lini mashairi yakasomwa kwa juujuu, na kwamba hata waliomcha Mungu wameandika ulevi wakimaanisha mapenzi ya Mola. Wakabishana mpaka maji yakajaa. Hakuna aliyesema kwamba mada hiyo ni nzito mno kwa Kiswahili. Bibi yeye alikuwa kimya, kisha akauliza kama huyo mtu wa nyikani alikuwa na mkate mmoja au mingi, na walikuwa wangapi. Nikacheka, halafu nikaona kwamba ameuliza swali lilelile ambalo enow ililizaliwa kulijibu.

Nina sababu ya kulishikilia swali hilo. Kila mwaka kwenye midahalo yetu anasimama mtu na kusema Kiswahili hakitoshi kufundishia chuo kikuu. Anapigiwa makofi. Halafu jioni ukipita hosteli unawasikia walewale waliopiga makofi wakielezana somo la siku hiyo kwa Kiswahili, kwa sababu kesho kuna testi na Kiingereza cha kwenye noti hakijaingia. Bumu likichelewa tunapiga pasi ndefu na tunasema pesa haitoshi, na hapo kila mtu anaweza kukuambia ni shilingi ngapi zinapungua. Lakini kwenye lugha tunasema tu haitoshi, bila kuhesabu. Haitoshi nini? Yamepungua maneno mangapi? Vimepungua vitabu vingapi? Wafasiri wangapi?

Ukianza kuhesabu, jibu linabadilika sura. Shaaban Robert alikuwa na miaka minne ya shule ya Dar es Salaam, kazi ya ukarani, na kamusi za wakati ule. Kwa zana hizo aliwabeba Khayyam na FitzGerald wote wawili. Lugha aliyokuwa nayo ni hiihii, tena ikiwa na istilahi chache kuliko leo. Leo tuna taasisi ya Kiswahili yenye wataalamu, tuna kamusi za fani mbalimbali, tuna maelfu ya wahitimu wa lugha. Kile ambacho hatuna ni watu wa kukaa chini baada ya kazi, kama alivyokaa yule karani, wakachukua kitabu kimoja cha fizikia au cha uchumi na kukivusha mpaka ukurasa wa mwisho. Kwa Kiingereza cha zamani ningesema lugha ni enough, watu ndio hawajawa enow. Kwa Kiswahili chetu ni rahisi zaidi, upatanisho wenyewe unasema: lugha inatosha, watu hawatoshi.

Kwa hiyo nina pendekezo kwa chama chetu cha wanafunzi, na ni dogo. Jarida hili liwe na ukurasa mmoja kila toleo wa tafsiri, mwanafunzi wa kitivo chochote afasiri aya chache za somo lake, na akikwama atume neno lililomkwamisha. Wenzetu wa Mafia, wa Pemba, wa Lindi na wa Kigoma waulize nyumbani. Huenda istilahi tunayoitafuta inasemwa kila jioni mbele ya sufuria la mtu. Mimi nitaanza na kifu, na niko tayari kubishana na yeyote atakayesema ni neno la mashairi peke yake.