Nicholas Biddle, Bwana Benki Aliyepimana Nguvu na Rais

Mwaka huu nimeonelea niwaletee maisha ya mtu ambaye wengi wetu hatujapata kumsikia, ingawa enzi zake alikuwa midomoni mwa Wamarekani wote. Huyu ni Nicholas Biddle, mkuu wa benki. Msikimbie! Najua wengine wakiona neno benki huenda moja kwa moja kwenye ukurasa wa vichekesho. Nipeni dakika chache tu.

Biddle alizaliwa mjini Philadelphia tarehe 8 Januari 1786, katika ukoo wenye uwezo. Akili yake ilikuwa kama wembe. Aliingia Chuo Kikuu cha Pennsylvania akiwa na miaka 10, na alipofika miaka 13 alikuwa amemaliza masomo, ila akanyimwa shahada kwa sababu alikuwa mtoto mno. Basi akaenda chuo cha Princeton, akahitimu mwaka 1801 akiwa wa kwanza darasani. Alikuwa na miaka 15. Mimi nina 16 na bado natokwa na jasho kwa hesabu za kidato cha tatu!

Mwaka 1804 alikwenda Paris kuwa katibu wa balozi wa Marekani. Mwaka 1806 akazuru Ugiriki, na yale majengo ya kale yenye nguzo kubwa kubwa yakamteka roho kabisa. Aliporudi kwao alisomea sheria, akahariri gazeti, tena akaandika kitabu cha safari ya Lewis na Clark kutokana na daftari za wasafiri hao. Kitabu kilitoka mwaka 1814 bila jina lake. Mimi ningelia.

Sasa tuje kwa benki yenyewe. Benki ya Pili ya Marekani ilianzishwa mwaka 1816 kwa kibali cha miaka 20 na mtaji wa dola milioni 35. Serikali ilikuwa na sehemu moja kwa tano ya hisa. Ilianza vibaya, ikakopesha ovyo, halafu ikawabana wadeni kwa ghafla, na msukosuko wa mwaka 1819 ulipoingia watu wakaichukia. Mwaka huohuo Biddle aliteuliwa kuwa mmoja wa wakurugenzi. Mwaka 1823 akawa mkuu wake.

Hapa ndipo utamu ulipo. Siku hizo kila benki ya jimbo ilichapa noti zake. Ukienda mbali na kwenu, mfanyabiashara aliitazama noti yako kwa jicho baya, kisha akakukata thamani. Benki ya Biddle ilizipokea noti hizo watu walipolipa kodi na ushuru, ikazipeleka kwa wenyewe na kudai dhahabu au fedha. Yaani benki iliyochapa noti kuliko uwezo wake iliumbuka mara moja. Hivyo pesa zikatulia, biashara ikashamiri, na Biddle akaheshimika sana.

Lakini mwaka 1829 Andrew Jackson aliingia ikulu. Mzee huyu alikuwa mwanajeshi, na zamani aliwahi kuuza ardhi akalipwa hati za deni za mtu aliyefilisika, kwa hiyo pesa za karatasi hakuziamini hata kidogo. Aliona ni hatari matajiri wachache wasiochaguliwa na mtu yeyote kushika mfuko wa nchi. Nami nasema hapo alikuwa na hoja, maana Biddle alikuwa akiwakopesha wabunge na wahariri wa magazeti.

Mwaka 1832 Biddle aliomba kibali kipya, miaka minne kabla ya wakati. Marafiki wake wa siasa, hasa Henry Clay, walimwambia Jackson hatathubutu kukataa mwaka wa uchaguzi. Bunge likapitisha. Tarehe 10 Julai Jackson akakataa! Kisha akamshinda Clay uchaguzini, na mwaka 1833 serikali ikaanza kuweka pesa zake katika benki za majimbo.

Biddle alikasirika, akapunguza mikopo kupita kiasi ili nchi ione uchungu. Wafanyabiashara wakafilisika, wafanyakazi wakakosa kazi. Wapiganapo fahali wawili, nyasi ndizo huumia. Hili silimsamehei, kwa kuwa mtu mwenye akili kiasi kile alijua fika anamwumiza nani. Watu walioanza kumhurumia wakamgeuka.

Kibali kikaisha mwaka 1836. Biddle akapata kingine cha jimbo la Pennsylvania, akaingilia biashara ya pamba, akitumaini bei ya Ulaya itapanda. Ikaanguka. Alijiuzulu mwaka 1839, na mwaka 1841 benki ikafungwa kabisa. Alishtakiwa pamoja na wenzake kwa kula njama ya kuwadhulumu wenye hisa, lakini akaachiliwa.

Aliaga dunia tarehe 27 Februari 1844 nyumbani kwake Andalusia, kando ya mto Delaware, katika nyumba aliyoiwekea nguzo za Kigiriki. Marekani ilikaa bila benki ya namna ile hadi mwaka 1913. Jengo la benki yake bado limesimama Philadelphia, nalo lina nguzo nane mbele, lakini ndani siku hizi mna picha za watu mashuhuri wa zamani.