Flo Hyman: Malkia wa wavu aliyezimika akiwa benchini

KATIKA mitaa ya Eastlands jijini Nairobi, kuanzia Kaloleni na Makongeni hadi Umoja na Dandora, voliboli haihitaji mengi ili ichezwe. Nguzo mbili, wavu, mpira na kiwanja cha vumbi hutosha. Na karibu kila kikosi cha wasichana huwa na mmoja aliyewapita wenzake wote kwa kimo. Huyo hutembea akiwa amejikunja mabega, kwa kuwa watoto wa mtaa hawakosi jina la kumbandika: twiga, ngongoti au mlingoti.

Msichana wa namna hiyo alizaliwa Julai 31, 1954 katika jimbo la California nchini Marekani, akakulia Inglewood, mji ulio pembeni mwa jiji la Los Angeles. Aliitwa Flora Jean Hyman, ingawa ulimwengu wa voliboli ulikuja kumjua kwa jina fupi la Flo. Alikuwa miongoni mwa watoto wanane. Baba yake aliajiriwa katika shirika la reli, kama walivyoajiriwa wazee wengi waliolea familia zao Makongeni na Muthurwa, naye mama yake aliendesha mkahawa mdogo. Nyumba haikuwa ya ukwasi, lakini ilikuwa nyumba ya watu warefu.

Alipotimiza umri wa miaka 12, Flo alikuwa na urefu wa futi sita. Wenzake shuleni walimcheka, naye akajifunza kuinama ili asionekane. Jamaa zake hawakukubali hali hiyo. Walimhimiza asimame wima na kukiona kimo chake kuwa baraka. Kufikia umri wa miaka 17 alikuwa amefika futi sita na inchi tano, yaani mita 1.96, kimo ambacho hata leo ni nadra kwa mwanamke katika mchezo wowote.

Voliboli aliijulia ufuoni. California ndiko voliboli ya mchangani ilikostawi, na Flo alianza kuicheza akiwa na dada yake mkubwa. Baadaye alijiunga na klabu, na alipomaliza masomo ya sekondari katika shule ya Morningside mwaka wa 1972, alikuwa tayari ameanza kutajwa miongoni mwa chipukizi wa kutazamiwa.

Mwaka huo huo wa 1972 jambo lilitukia jijini Washington ambalo lilibadilisha maisha yake na ya wasichana wengi. Bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyopiga marufuku ubaguzi wa kijinsia katika taasisi za elimu zinazopokea fedha za serikali. Hadi wakati huo, vyuo vikuu viliwalipia karo vijana wa kiume kwa sababu ya vipawa vyao vya michezo, huku wasichana wakicheza kwa kujigharamia. Baada ya sheria hiyo, milango ilianza kufunguka. Flo alisoma mwaka mmoja katika chuo cha El Camino, kisha akajiunga na Chuo Kikuu cha Houston, Texas, akiwa mwanamke wa kwanza katika historia ya chuo hicho kupata ufadhili wa masomo kwa sababu ya michezo. Huko alisomea hisabati na elimu ya viungo, na mara tatu akateuliwa katika orodha ya wachezaji bora wa vyuo vikuu nchini mwake.

Hata hivyo, hakumaliza masomo yake. Timu ya taifa ilimhitaji, naye aliamua kwamba kitabu kinaweza kungoja ilhali miguu haiwezi.

Timu aliyojiunga nayo katikati ya miaka ya sabini haikuwa na sifa yoyote duniani. Enzi hizo voliboli ya wanawake ilitawaliwa na Japan na Muungano wa Kisovieti. Wamarekani walikuwa wasindikizaji, na kwa kipindi fulani mwaka wa 1975 hata kocha hawakuwa naye. Hatimaye alifika Arie Selinger, mkufunzi aliyesifika kwa ukali wa mazoezi yake, akawakusanya wachezaji katika mji wa Colorado Springs na kuwafanyisha kazi kutwa, siku baada ya siku, mwaka baada ya mwaka.

Flo alikuwa na mkwaju wa kuogofya, lakini alikuwa na udhaifu mmoja. Aliogopa sakafu. Mtu wa kimo chake anapojirusha chini kuokoa mpira huanguka kutoka juu sana, naye alisita kufanya hivyo. Selinger hakutaka mchezaji wa kupiga tu na kisha kusimama. Ilimlazimu nyota huyo ajifunze upya namna ya kuanguka na kuinuka, hadi akawa mchezaji kamili, wa mbele na wa nyuma.

Marekani haikufuzu kwa Michezo ya Olimpiki ya 1976. Miaka miwili baadaye, katika mashindano ya ubingwa wa dunia yaliyoandaliwa Muungano wa Kisovieti, timu hiyo ilimaliza ya tano na kuwashangaza wengi. Ikafuzu kwa Olimpiki ya Moscow ya 1980 ikiwa na matumaini makubwa ya kutwaa nishani. Kisha siasa zikaingia kati. Majeshi ya Kisovieti yalikuwa yameivamia Afghanistan, na Rais Jimmy Carter akaamuru wanamichezo wa Marekani wasusie mashindano hayo.

Wakenya wanaujua uchungu huo. Kenya nayo ilisusia michezo ya 1976 jijini Montreal na ya 1980 jijini Moscow, na kuna wanariadha na mabondia waliozeeka bila kujua wangerudi na nini. Flo alikuwa na umri wa miaka 26 na angeweza kuondoka. Wapo waliokata tamaa. Yeye alibaki, akingojea miaka minne mingine.

Katika muda huo ndipo alipofikia kilele chake. Mwaka wa 1981, katika Kombe la Dunia nchini Japan, aliteuliwa miongoni mwa wachezaji sita bora wa mashindano. Hakuna mwanamke wa Marekani aliyewahi kupata heshima hiyo kabla yake. Mwaka uliofuata Marekani ilinyakua nishani ya shaba katika mashindano ya ubingwa wa dunia nchini Peru. Mkwaju wake ulisemekana kufikia kasi ya takriban kilomita 180 kwa saa, na mabeki wengi waliokutana nao walitamani uende nje.

Olimpiki ya 1984 ilifanyika Los Angeles, karibu kabisa na alikozaliwa. Flo alikuwa na umri wa miaka 30, mkongwe kuliko wenzake wote kikosini. Katika mechi za makundi Marekani iliishinda China kwa seti 3-1, na mashabiki wakaanza kuihesabu dhahabu kabla ya fainali. Lakini China ya akina Lang Ping haikuwa timu ya kufungwa mara mbili. Ilirudi katika fainali ikaibwaga Marekani kwa seti 3-0. Flo na wenzake waliambulia nishani ya fedha, ambayo ilikuwa ya kwanza kabisa kwa voliboli ya wanawake ya Marekani katika Olimpiki.

Baada ya hapo, nyumbani hakukuwa na pa kuendelea kucheza. Marekani ya wakati huo haikuwa na ligi imara ya kulipwa ya wanawake. Japan, kwa upande wake, ilikuwa na ligi ya timu za makampuni, utaratibu usio mgeni kwa Wakenya ambao wamezoea kuona klabu za Kenya Pipeline, KCB na Magereza zikitawala mchezo huu. Flo alijiunga na timu ya Daiei, iliyomilikiwa na kampuni ya maduka makubwa. Aliikuta katika daraja la tatu. Kwa muda usiozidi miaka miwili ilikuwa imepanda hadi ligi kuu, naye akawa kipenzi cha mashabiki katika nchi ambayo kimo chake hakingeweza kufichika popote.

Pamoja na hayo, hakusahau mlango aliopitia. Mwaka wa 1984 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikuwa imeipunguza makali ile sheria ya 1972, kiasi kwamba idara za michezo za vyuo zingeweza kurudia ubaguzi bila kuadhibiwa. Flo alikwenda Washington kuwashawishi wabunge wairejeshee nguvu zake, akiwa bega kwa bega na watu kama Coretta Scott King, mjane wa Martin Luther King, na mwanaanga Sally Ride. Bunge lilifanya hivyo mwaka wa 1988, likapuuza kura ya turufu ya Rais Ronald Reagan. Flo hakuwapo kuushuhudia ushindi huo.

Januari 24, 1986 Daiei ilikuwa ikichuana na Hitachi katika mji wa Matsue, magharibi mwa Japan. Katika seti ya tatu Flo alipumzishwa kama ilivyo kawaida, akaketi benchini na kuendelea kuwashangilia wenzake. Ghafla aliteleza kutoka kitini na kuanguka sakafuni. Alipelekwa hospitalini, na jioni hiyo ikatangazwa kuwa amefariki. Alikuwa na umri wa miaka 31, na alikuwa akijiandaa kurudi nyumbani kwa kudumu baadaye mwaka huo.

Taarifa za kwanza zilisema alipatwa na mshtuko wa moyo. Familia yake haikuridhika. Iliwezaje kuwa hivyo kwa mwanamke ambaye kazi yake yote ilikuwa kuutumikisha mwili? Mwili uliporejeshwa California, iliomba ufanyiwe uchunguzi, na hapo ndipo ukweli ulipojulikana. Moyo wake ulikuwa na afya njema. Kilichopasuka ni mshipa mkuu unaotoa damu moyoni, mahali palipokuwa na udhaifu wa ukubwa wa sarafu ndogo. Aidha, ilionekana kwamba mshipa huo ulikuwa umeshapasuka kidogo wiki kadhaa kabla, na ulikuwa umeanza kupona.

Chanzo kilikuwa ugonjwa wa Marfan, ambao mtu huzaliwa nao. Hudhoofisha nyuzi zinazoshikilia viungo vya mwili, na humpata takriban mtu mmoja kati ya watu 5,000, wa rangi na taifa lolote. Mzazi aliye nao huweza kumwachia nusu ya watoto wake. Mara nyingi huwafanya watu kuwa warefu na wembamba, wenye mikono inayouzidi urefu wa mwili inaponyooshwa, vidole virefu na macho yasiyoona mbali. Hizo ndizo sifa ambazo makocha wa voliboli na mpira wa kikapu huzitafuta kwa hamu, isipokuwa ile ya macho. Si kila mtu mrefu ana ugonjwa huo, na walio wengi hawana. Lakini Flo alicheza zaidi ya miaka kumi mbele ya makocha na madaktari wa mataifa mengi, na hakuna aliyeutambua.

Kifo chake kiliwafumbua wengine macho. Ndugu zake walipimwa, na mmoja wa kaka zake akapatikana na ugonjwa huo huo. Alifanyiwa upasuaji kabla mshipa haujapasuka, akaokoka. Jina la Marfan, ambalo hadi siku hiyo lilijulikana na madaktari tu, likaingia katika kurasa za michezo, na vilabu na vyuo nchini Marekani vikaanza kuwaangalia kwa makini zaidi wachezaji wao warefu.

Heshima zilifuata. Mwaka wa 1987 ilianzishwa siku ya kitaifa ya wasichana na wanawake katika michezo nchini Marekani, kwa kumkumbuka yeye. Tuzo yenye jina lake ilianza kutolewa mwaka huo huo, na wa kwanza kuipokea akawa mchezaji tenisi Martina Navratilova. Mwaka wa 1988 aliingizwa katika ukumbi wa magwiji wa voliboli.

Kenya imepiga hatua ndefu tangu siku zile. Wanawake wake walitwaa ubingwa wa Afrika kwa mara ya kwanza mwaka wa 1991, wakafika Olimpiki jijini Sydney mwaka wa 2000, na wamerudi huko mara tatu zaidi, mara ya mwisho ikiwa Paris mwaka wa 2024. Baadhi yao wamecheza kwa malipo katika ligi za ng'ambo, njia ambayo Flo aliifuata hadi Japan. Wasichana warefu wa Eastlands wana sababu nzuri ya kunyoosha mabega kuliko aliyokuwa nayo yeye akiwa na umri wa miaka 12.

Lakini kocha anayemwona msichana kama huyo kwenye kiwanja cha Kaloleni au Umoja humpima kimo, humpima kuruka, kisha humkabidhi jezi. Ugonjwa uliomuua Flo Hyman hugunduliwa kwa picha ya moyo inayopigwa kwa mawimbi ya sauti, kipimo kisicho na maumivu ambacho humalizika kwa muda usiofika saa moja na kinachopatikana katika hospitali kubwa za Nairobi. Ukigunduliwa mapema, kuna dawa za kuupunguzia mshipa mzigo, na kuna upasuaji kama ule uliomwokoa kaka yake. Flo hakupata nafasi ya kupimwa. Aliyeipata ni kaka yake, kwa sababu yeye alikufa kwanza.