Sakawa wa Gusii: Mtabiri ambaye maneno yake yaliandikwa na wengine

HAKUNA andiko hata moja la mkono wa Sakawa. Katika enzi alizoishi kwenye vilima vya Kitutu, elimu ya kusoma na kuandika ilikuwa bado haijafika Gusii, na kila alilolisema lilihifadhiwa vifuani mwa wasikilizaji wake. Hata hivyo, zaidi ya miaka mia moja tangu aiage dunia, jina lake lingali linatajwa kutoka Kisii hadi Nyamira kila wazee wanaposimulia jinsi Mzungu alivyokuja kuitawala nchi yao.

Makadirio ya wanahistoria yanaweka kuzaliwa kwake karibu na mwaka 1840. Nyumbani kwake kulikuwa Nyakoe, katika nchi ya Kitutu, si mbali na mahali ulipo mji wa Kisii. Vitabu vingine humwita Sakagwa, na tofauti hiyo ya herufi moja ni ukumbusho kwamba jina lenyewe lilipita kinywani kwa muda mrefu kabla ya kufika kwenye karatasi.

Waaguzi, ambao kwa Ekegusii huitwa abaragori, hawakuwa wachache katika zama zake. Mtu alipougua au mifugo ilipokufa ovyo, mwaguzi ndiye aliyeulizwa chanzo. Sakawa alitofautiana nao kwa kuwa hakujifunga kwenye shida za mji mmoja au ukoo mmoja. Alizungumzia mambo ya jamii nzima: vita, adui, na siku zijazo. Hilo halikuwa jambo dogo, kwani Abagusii wa karne ya 19 hawakuwa na mfalme. Kitutu, Mugirango, Nyaribari, Bassi, Majoge na Wanjare walijitawala kila mmoja kivyake, na mara nyingine walipigana wao kwa wao.

Mapokeo yanamhusisha na vita vya Osaosao, vilivyopiganwa mwanzoni mwa miaka ya 1890, ambapo Abagusii waliwashinda vibaya wavamizi wa Kipsigis waliokuwa wamezoea kuwapora ng'ombe. Husimuliwa kwamba Sakawa ndiye aliyewahimiza wapiganaji wa koo mbalimbali kuungana. Kiasi cha mchango wake ni vigumu kukipima, lakini ushindi ule ulimpa sifa iliyovuka mipaka ya Kitutu, na waliomsikiliza baadaye walimsikiliza kama mtu aliyekwisha kuthibitishwa na matokeo.

Utabiri uliomfanya asisahaulike ni ule wa Getembe. Inasimuliwa kwamba aliwakusanya watu mahali palipoitwa hivyo, ambapo wakati huo palikuwa nyika tu, akawaonyesha kwa kidole pale ambapo wageni weupe wangejenga: hapa nyumba za askari, pale hospitali, kule ofisi za serikali. Aliwaonya kwamba vijana wangenyang'anywa mikuki yao. Na mwishoni akasema kwamba wageni hao wangeondoka.

Alifariki karibu na mwaka 1902. Wapo wasimulizi wasiokubali kwamba alikufa. Kwao Sakawa alitoweka tu, na atokaye bila kaburi huenda akarudi.

Miaka mitatu baadaye, mnamo 1905, kikosi cha Waingereza kiliingia Gusii kwa silaha na kuua watu wengi. Mwaka 1907 kituo cha serikali kilianzishwa palepale Getembe, na wenyeji wakapaita Bosongo, yaani kwa Wazungu. Januari 1908, kijana Otenyo, akichochewa na mtabiri wa kike Moraa, alimchoma mkuki afisa wa kituo hicho, G. A. S. Northcote, ambaye alipona na miaka mingi baadaye akawa gavana wa Hong Kong. Kisasi cha serikali kilikuwa kikali kiasi cha kumfanya Winston Churchill, aliyekuwa naibu waziri wa makoloni jijini London, kuhoji kama mauaji ya namna ile yalikuwa ya lazima. Mji ukakua. Askari wakaja, ofisi zikajengwa, mikuki ikakusanywa. Walioyasikia maneno ya Sakawa wakatazamana.

Hapa ndipo msomaji makini atauliza swali lililowasumbua wataalamu wa fasihi za kale kwa vizazi kadhaa: utabiri huu ulisemwa lini hasa, kabla ya mambo kutukia au baada yake?

Swali hilo si la kumkejeli Sakawa. Katika Misri ya kale kuna maandishi ya mtabiri aitwaye Neferti, anayeonyeshwa akizungumza mbele ya Farao Sneferu, zaidi ya miaka 2,500 kabla ya Kristo. Anatabiri machafuko, kisha kuja kwa mfalme mwokozi kutoka kusini. Wasomi wameonyesha kwamba maandishi hayo yalitungwa karne nyingi baada ya Sneferu, mfalme aliyetabiriwa, Amenemhat wa Kwanza, akiwa tayari amekwisha kutwaa kiti. Utabiri ulikuwa vazi. Ndani yake mlikuwa na sifa za mtawala.

Maneno ya Sakawa yamepitia njia yenye mashaka kama hayo. Mwanahistoria William Ochieng', aliyechapisha historia ya Abagusii wa kabla ya ukoloni mwaka 1974, na mwanasosholojia Audrey Wipper, aliyetoa kitabu kuhusu waasi wa mashambani nchini Kenya mwaka 1977, waliandika wakati hospitali, ofisi na kambi ya polisi vilikuwa vimesimama kwa zaidi ya nusu karne. Msimulizi aliyekuwa na mji mzima mbele ya macho yake asingeshindwa kumkumbuka Sakawa akionyesha kila jengo lilipo. Tena, habari ya Wazungu kuja haikuhitaji maono. Waingereza walikuwa wameweka kituo Mumias mwaka 1894, na reli ilifika Kisumu mwishoni mwa 1901, wakati Sakawa angali hai. Mtu mwenye akili pevu, aliyezisikia habari za wasafiri kutoka pwani ya ziwa, angeweza kujua nani aliye njiani.

Linabaki jambo moja ambalo haliwezi kuelezwa kirahisi kuwa lilibuniwa baadaye, nalo ni lile lililowaponza watu.

Septemba 1914, vita kuu vikiwa na wiki chache tu, wanajeshi wa Kijerumani walivuka kutoka Tanganyika na kuingia mjini Kisii. Tarehe 12 mwezi huo Waingereza walipambana nao, kisha pande zote mbili zikarudi nyuma. Mji ukabaki bila serikali. Kwa watu waliokuwa wamengoja miaka saba, wageni weupe walikuwa wameondoka, kama ilivyosemwa. Wakateremka kutoka vilimani, wakapora ofisi, maduka na vituo vya misheni. Furaha ile ilikuwa fupi. Waingereza walirejea, na adhabu yao ilikuwa ya moto na risasi. Mifugo ikatwaliwa, na watu waliodhani wamo katika siku ya mwisho ya ukoloni wakajikuta mwanzoni mwake.

Wanahistoria walioandika kuhusu uporaji huo wanauhusisha na utabiri wa Sakawa. Hapo pana ushahidi wa aina isiyopatikana kwenye masimulizi ya majengo. Hakuna msimulizi ambaye, baada ya kipigo cha 1914, angekuwa na sababu ya kutunga utabiri wa ukombozi ulioishia kwenye majivu. Wataalamu wa maandishi ya kale hutumia kipimo hicho hicho: utabiri uliotimia barabara hutiliwa shaka, lakini pale unapokwenda kinyume na yaliyotokea, ndipo mtu anapogusa maneno yaliyotangulia tukio. Kwa kipimo hiki, sehemu ya maneno ya Sakawa iliyo na nguvu zaidi ya kihistoria ni ile iliyoshindwa.

Haikufa kwa kushindwa. Mwaka 1913 Onyango Dunde wa Alego alikuwa ameanzisha dini ya Mumbo, iliyohubiri kwamba Wazungu wangetoweka, na ilipoingia Gusii ilikuta tayari jina la Sakawa likingoja. Mambo hayo mawili yakachanganyika. Mwaka 1921 ulienea uvumi kwamba Sakawa angerejea, na serikali, ambayo haikuwa na mzaha na maiti mwenye wafuasi, iliwahamishia Lamu baadhi ya viongozi wa Mumbo.

Kwa mwenzi wa Sakawa katika fasihi ya kale, mtu hurudi tena Misri, lakini si kwa Neferti. Katika karne ya 2 kabla ya Kristo, nchi ikiwa chini ya Wagiriki wa ukoo wa Ptolemy, Wamisri walisambaza unabii waliodai ulitolewa na mfinyanzi mnyonge mbele ya Farao Amenophis wa zamani. Mfinyanzi alisema wageni wangeuana wenyewe kwa wenyewe, mji wao wa Iskandaria ungehamwa, na mfalme halali angerudi. Akiisha kusema, akafa, na Farao akamzika kwa heshima huko Heliopolis. Wagiriki hawakuondoka, Warumi ndio waliowapokonya nchi mwaka 30 kabla ya Kristo. Lakini nakala za unabii huo zilizosalia kwenye mafunjo ni za karne ya 2 na ya 3 baada ya Kristo. Watu waliendelea kuunakili chini ya mtawala mwingine kabisa, wakibadilisha aliyekusudiwa na kulihifadhi tumaini.

Abagusii hawakuwa na mafunjo. Walikuwa na wazee, na mwaka 1963 bendera ya Uingereza iliposhushwa, wazee hao walipata fursa ambayo wanakili wa Misri hawakuipata. Wale waliokuwa vijana mwaka 1914 walikuwa sasa na mvi, na utabiri uliowaletea balaa ulisomwa upya: Sakawa hakukosea neno, ni waliomsikia waliokosea wakati. Nyamira ilipotengwa na Kisii kuwa wilaya, na zote mbili zilipokuwa kaunti mwaka 2013, masimulizi yake hayakufuata mpaka huo. Husimuliwa pande zote mbili, na kila msimulizi huanzia pale alipomwachia aliyemtangulia, kwa kawaida pale Getembe, kwenye nyika tupu, mzee akiwa amenyoosha kidole.