Louis Lomax na filamu ya chuki

Nikimkumbuka Malcolm X humkumbuka pia Louis Lomax, mwandishi mweusi wa Georgia, ambaye hakuwa Muislamu. Mwaka 1959 yeye na mtangazaji Mike Wallace walitoa filamu ya televisheni kuhusu Nation of Islam. Lomax ndiye aliyeingia kuwahoji, maana waandishi wa Kizungu hawakuruhusiwa. Filamu ikaitwa chuki iliyozaliwa na chuki. Wazungu wakatishika; kwamba chuki ya kwanza ilikuwa yao, wengi hawakutaka kusikia! Jina lile mimi silipendi. Lakini tumtendee haki: mwaka 1963 alitoa kitabu kilichobeba hotuba za Malcolm mwenyewe. Alifariki mwaka 1970 kwa ajali ya gari, akiwa na miaka 47.