Bibi Monica Wilson: Desturi za Watu na Sheria ya Mungu



Mtu asimamaye Njisi, katika nchi ya Kyela, yu karibu na mto Songwe, ulio mpaka wa Tanzania na Malawi. Upande huu wakaa Wanyakyusa, na ng'ambo wakaa Wangonde, nao ni ndugu kwa asili na kwa lugha. Lakini desturi zao za zamani hazikuwa sawa. Wangonde walikuwa na mfalme mmoja mkuu, aitwaye Kyungu, nao Wanyakyusa walikuwa na machifu wengi, kila mmoja na nchi yake ndogo. Tena mto wenyewe hautulii. Mvua zikizidi huacha njia yake na kukata nyingine, hata shamba lililokuwa upande huu laonekana upande wa pili.

Basi wako watu waulizao: Ikiwa desturi hubadilika kwa kuvuka mto, je, wema na ubaya hubadilika vilevile? Je, jema si lile tu ambalo watu wa mahali wamezoea kuliita jema? Swali hili huwajia wainjilisti wetu katika madarasa ya ubatizo, wala si swali la mchezo. Kwa ajili yake twapenda kusimulia maisha ya mama mmoja aliyelichukua kwa miaka mingi, naye alijifunza sehemu kubwa ya elimu yake katika nchi hii ya Unyakyusa.

Monica Hunter alizaliwa mwaka 1908 huko Lovedale, katika Afrika ya Kusini, mahali pa misheni ya Waskoti, na wazazi wake walikuwa wamisionari. Akaenda Uingereza kusoma katika chuo cha Cambridge, akaanza na historia, kisha akashika elimu ya desturi za mataifa, iitwayo anthropolojia. Kisha alikaa kati ya Wapondo, akaandika habari zao katika kitabu kilichotoka mwaka 1936. Mwaka 1935 aliolewa na Godfrey Wilson, mtu wa elimu ile ile, ambaye alikuwa amekwisha kuanza kazi yake Unyakyusa mwaka 1934. Wakakaa huku mpaka mwaka 1938, wakajifunza Kinyakyusa, wakaketi na wazee, na Wakristo, na wanawake wa mashambani, wakiuliza na kuandika.

Mambo waliyoyaona, wazee wetu waliyajua vema. Zamani vijana wa kiume walitoka katika kijiji cha baba zao wakiwa bado wadogo, wakajenga vibanda vyao kando, na wenzi wa rika moja wakakaa pamoja hata uzee. Walisifu ukwangala, yaani kukaa na wenzi kwa furaha, na kula na kuongea pamoja. Mtu aliyekula peke yake alihesabiwa kuwa mbaya. Tena mke wa mwana hakuthubutu kuonana na baba mkwe wake, bali alimwepuka hata njiani. Mgeni angeweza kucheka, au kuyaita mambo hayo upumbavu. Bibi Wilson hakucheka. Alionyesha kwamba desturi hizo zilishikamana, na kwamba shabaha yake ilikuwa kulinda heshima kati ya wazazi na watoto waliokwisha kuoa. Nia ya kutunza adabu i katika watu wote. Njia zake tu ndizo zinazotofautiana.

Lakini wazee walisimulia jambo lingine pia. Zamani Kyungu alipougua sana hakuachwa afe mwenyewe. Wakuu wake walimziba pumzi. Waliamini kwamba uhai wa nchi umo katika mwili wake, na ya kuwa akidhoofika yeye, mashamba na ng'ombe na watoto watadhoofika pamoja naye. Bibi Wilson aliyaeleza hayo kwa uangalifu, bila dharau, hata msomaji afahamu hofu iliyokuwamo. Basi hapa na tuangalie, wapendwa. Kufahamu sababu ya tendo si kulihesabia haki. Tukisema kila kabila lina haki yake, na hakuna haki iliyo juu ya kabila, tutamwambia nini mgonjwa yule ambaye mlango wake umefungwa?

Wakati ule wataalamu wengi wa elimu hii, hasa Marekani, walifundisha kwamba hakuna ajuaye kupima desturi za watu wengine, kwa kuwa kipimo chake nacho ni desturi tu. Hata mwaka 1947, Umoja wa Mataifa ulipoandaa tangazo la haki za binadamu, chama chao cha Marekani kilitoa onyo kuhusu kuwawekea watu wote kipimo kilichotoka kwa watu wa magharibi tu. Onyo hilo lilikuwa na neno la kweli ndani yake, maana wageni wengi wamewadharau wenyeji na kuziita desturi za kwao sheria ya Mungu. Lakini matunda ya fundisho hilo Bibi Wilson aliyaona katika nchi yake mwenyewe.

Mumewe alikufa mwaka 1944, akimwachia wana wawili wadogo. Akafanya kazi ya kufundisha Fort Hare, kisha Grahamstown, na tangu mwaka 1952 hata 1973 katika chuo kikuu cha Cape Town. Katika miaka ile serikali ya ubaguzi ilishika nchi. Nayo haikuwaambia watu weusi siku zote kwamba ni wabaya. Mara nyingi iliwaambia kwamba kila taifa lina desturi zake, basi kila taifa likae peke yake na kupata elimu ya namna yake. Mmoja wa walioijenga hoja hiyo alikuwa Bwana Werner Eiselen, mtaalamu wa desturi za watu. Nasi Walutheri twapaswa kusema kwa huzuni kwamba alikuwa mwana wa mmisionari wa Berlin, wa shirika lile lile lililoanza kazi Unyakyusa mwaka 1891. Baada ya kazi ya tume yake, ikaja sheria ya mwaka 1953 iliyoweka shule za watu weusi chini ya serikali, na shule za misheni zikaondolewa mikononi mwa makanisa.

Hapo Bibi Wilson hakunyamaza. Yeye aliyeheshimu desturi za watu kuliko wengi alikataa kwamba desturi iwe ukuta wa kuwafungia. Aliandika kwamba watu wa Afrika ya Kusini wamechanganyika na kutegemeana tangu zamani, na kwamba jamii ikipanuka, wajibu wa mtu kwa jirani nao hauna budi kupanuka, upite ukoo na kabila na rangi. Katika kitabu chake cha mwaka 1971 juu ya dini na mageuzi ya jamii aliyafikiri mambo haya kama mtaalamu na kama mwamini pia. Alikufa mwaka 1982, akiwa Mkristo.

Basi, ndugu wainjilisti, twajifunza nini? Kwanza, tusiite dhambi kila jambo tusilolizoea. Mitume walipokutana Yerusalemu, katika Matendo sura ya 15, hawakuwatwika mataifa desturi zote za Wayahudi. Pili, tusiite jema kila jambo kwa sababu ni la kwetu. Mtu asemaye kwamba haki ni desturi tu hujiona mnyenyekevu, lakini siku mwenye nguvu atakapomwonea jirani yake, hatakuwa na neno la kumkemea, maana uonevu nao ni desturi ya mwenye nguvu. Sisi twaamini sheria iliyo juu ya Wanyakyusa na Wangonde, juu ya Wazungu pia, na juu ya kanisa letu. Kwa hiyo hatuwezi kujivuna, kwa kuwa yatuhukumu sisi kwanza.

Mto Songwe utazidi kuhama, na mipaka ya mashamba itabishaniwa. Lakini jirani aliye ng'ambo atabaki jirani.