Kazadi Mwamba, golikipa aliyetolewa dakika ya 21

Jioni pale Nyalukemba, watoto wakigawana ekipe, kila mmoja anataka kufunga magoli. Yule anayebaki mwisho, asiyejua kukimbia, njo wanamtupa golini. Akidaka mara kumi, hakuna anayemsifu. Ukimpita mmoja tu, jina lake linafika nyumbani kabla yake.

Hayo ni mambo ya mtaani. Lakini kuna golikipa wa Congo aliyekutana nayo mbele ya dunia nzima. Goli moja alilofungwa liliwarudisha kwao Waskoti, watu ambao hata Lubumbashi hawakuijua. Ni Robert Kazadi Mwamba.

Golini kwa Englebert

Kazadi alizaliwa mwaka wa 1947. Jina lake lilijulikana kwanza Lubumbashi, kwenye TP Englebert, ile ekipe ambayo leo tunaiita TP Mazembe. Englebert lilikuwa jina la kampuni ya matairi.

Alikuwa kijana wa miaka 20 tu wakati Englebert ilipobeba kombe la vilabu bingwa vya Afrika, mwaka wa 1967. Fainali dhidi ya Asante Kotoko ya Ghana ilimalizika sare mara mbili, 1-1 na 2-2. Waghana hawakufika kwenye mechi ya marudio, basi kombe likabaki Congo. Mwaka wa 1968 wakalichukua tena. Waliifunga Étoile Filante ya Togo 5-0 nyumbani, kule Lomé wakapigwa 4-1, na hesabu ikawapa ushindi. Hakuna klabu nyingine iliyochukua kombe hilo miaka miwili mfululizo mpaka Enyimba ya Nigeria, 2003 na 2004. Englebert ilifika fainali tena 1969 na 1970, ingawa hizo mbili ilipoteza.

Ule mwaka wa 1968 ulikuwa wake kweli. Mwezi wa kwanza, mjini Addis Ababa, Congo iliishinda Ghana 1-0 na kuchukua Kombe la Afrika kwa mara ya kwanza. Goli lilifungwa na Pierre Kalala, mwenzake wa Englebert. Kazadi alikuwa golini.

Baadaye Mobutu akabadilisha majina. Nchi ikawa Zaire, na majina ya Kikristo yakawekwa kando. Robert akabaki Kazadi Mwamba. Mwaka wa 1974, kule Cairo, Léopards walichukua Kombe la Afrika mara ya pili. Fainali na Zambia ilichezwa mara mbili, 2-2 kisha 2-0, na magoli yote manne ya Zaire alifunga Ndaye Mulamba. Watu wanamkumbuka Ndaye, na ni haki yake, kwa sababu alifunga magoli 9 katika mashindano hayo. Aliyekuwa golini nyuma yake, wachache wanamtaja.

Dakika 21 za Gelsenkirchen

Kumbe mwaka huohuo Zaire ilikuwa imeshapata nafasi ya kwenda Kombe la Dunia, Ujerumani Magharibi, nchi ya kwanza ya Afrika weusi kufika pale. Mobutu aliwapa wachezaji nyumba na magari. Kazadi alivaa namba 1.

Mechi ya kwanza ilikuwa Dortmund, tarehe 14 mwezi wa sita, dhidi ya Scotland. Kapiteni wa Waskoti alikuwa Billy Bremner, kiungo mfupi mwenye nywele nyekundu, mzaliwa wa Stirling, aliyekuwa ametoka kuchukua ubingwa wa Uingereza na Leeds United. Peter Lorimer alifunga la kwanza, Joe Jordan la pili kwa kichwa. Kipindi cha pili hakuna lililoingia. Kufungwa 2-0 na Waskoti haikuwa aibu hata kidogo.

Kisha mambo yakaharibika. Wachezaji walisikia kwamba pesa walizoahidiwa hawatazipata, wakataka kugoma. Waliingia kucheza na Yugoslavia tarehe 18 wakiwa na mioyo mizito. Dakika ya 18 ilikuwa tayari 3-0.

Dakika ya 21, kocha Blagoje Vidinić akamtoa Kazadi. Hakuwa ameumia. Aliyeingia, Tubilandu Ndimbi, alikuwa mfupi kwa golikipa, na kazi yake ya kwanza ilikuwa kuokota mpira ndani ya nyavu. Wachezaji walipolalamikia goli hilo la nne, Mwepu Ilunga akampiga mwamuzi teke kwa nyuma, na mwamuzi akamfukuza Ndaye ambaye hakuwa na kosa. Mechi ikaisha 9-0.

Vidinić alikuwa Myugoslavia, tena yeye mwenyewe alikuwa golikipa wa zamani, bingwa wa Olimpiki ya 1960 kule Roma. Basi watu wakaanza kunong'ona kwamba ameiuza mechi kwa ndugu zake. Baadaye yeye alieleza kwamba mtu wa wizara alimlazimisha kufanya ile badiliko. Kwa vyovyote, magoli sita kati ya yale tisa yaliingia Kazadi akiwa amekaa nje. Lakini njo vile dunia inavyohesabu: 9-0 ni 9-0.

Goli la tatu

Tarehe 22, Kazadi alirudishwa golini dhidi ya Brazil. Wachezaji kadhaa walisimulia baadaye kwamba watu wa Mobutu waliwatisha: wakifungwa zaidi ya magoli matatu, wasirudi nyumbani.

Upande mwingine, mjini Frankfurt, Waskoti walikuwa wakicheza na Yugoslavia saa hiyohiyo. Hesabu ilikuwa ngumu. Wao waliishia na sare 1-1, pointi nne, bila kupoteza mechi hata moja. Brazil ikishinda 2-0 tu, Scotland inapita kwa kuwa imefunga magoli mengi. Brazil ikishinda 3-0, Scotland inarudi nyumbani.

Jairzinho alifunga la kwanza, Rivelino la pili. Dakika ya 79 Valdomiro akapiga mpira kutoka upande wa kulia, si mpira mkali. Ni mpira ambao Kazadi angeudaka siku yoyote. Ukampita karibu na mwili wake, ukaingia. 3-0.

Kwa Wazaire, namba tatu ilikuwa mpaka: walifika pale na hawakuvuka. Kwa Waskoti, namba hiyohiyo ilikuwa kilio. Bremner mwenyewe, katika mechi yao na Brazil iliyoisha 0-0, alikuwa amekosa goli la karibu sana, mpira uligonga mguu wake ukatoka kando ya mwamba. Waskoti walihesabu kosa la Bremner na kosa la Kazadi kwa pamoja, miaka na miaka.

Baada ya Ujerumani

Léopards walirudi kimya. Fadhila za Mobutu zilikwisha, na wengi katika ile ekipe walizeeka na shida. Kazadi alifariki mwaka wa 1996. Bremner alimfuata mwezi wa kumi na mbili 1997, akiwa na miaka 54. Stirling hawajamsahau Bremner, na mjini Leeds sanamu yake imesimama nje ya kiwanja.

Tukimhesabu Kazadi kwa haki, hesabu iko hivi: vikombe viwili vya Afrika na nchi yake, viwili na klabu yake, fainali nne za vilabu mfululizo. Magoli manane aliyofungwa Ujerumani yanakaa upande wa pili wa mzani, na hayalingani na hayo.

Siku Bukavu Dawa na Muungano wakicheza tena pale Concorde, Kadutu, na golikipa mmoja akaachia mpira laini, kelele zitapigwa, hilo halizuiliki. Ila kabla ya kumtukana, mtu akumbuke dakika ngapi zilizotangulia huyo kijana alikuwa amesimama peke yake pale nyuma, na mipira mingapi aliidaka bila mtu kuona.