Wahome Mutahi: Msee aliyegeuza baa kuwa ukumbi

Kama uko kwa kikundi cha maigizo Kibera ama Kawangware, hii shida unaijua. Mchezo uko tayari, waigizaji wameiva, lakini ukumbi hakuna. Ule wa tauni unataka pesa ambazo hata mkichanga mwezi mzima hamfikishi. Basi mchezo unafia kwa mazoezi.

Leo wacha nikupe stori ya mtu aliyekataa mchezo wake ufe hivyo. Anaitwa Wahome Mutahi. Muulize mzazi wako, labda atamtambua kwa jina Whispers, safu yake ya kuchekesha iliyosomwa gazetini kila Jumapili. Humo kulikuwa na baba mpenda chupa, mke mkali aliyebandikwa jina Thatcher, na watoto wasiomtetemekea. Watu walijiona humo, wakacheka.

Alizaliwa Nyeri mwaka wa 1954, akasoma Chuo Kikuu cha Nairobi, akawa afisa wa wilaya. Kazi ya serikali, msee, ile ambayo mamako angeringa nayo kanisani! Akaiacha, akashika kalamu.

Kalamu hiyo haikumwacha salama. Mwaka wa 1986 serikali ya Moi ilikuwa ikiwasaka waliodaiwa kuwa wa kundi la Mwakenya. Alikamatwa, akapitia Nyayo House, akafungwa. Mateso hayo yalizaa riwaya yake Three Days on the Cross, iliyotoka 1991.

Wengi wangetulia hapo. Yeye akaingia maigizo, na alijua hatari yake. Mwaka wa 1977, Kamiriithu kule Limuru, wanakijiji waliigiza mchezo wa Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ kwa Kikuyu. Serikali ikaupiga marufuku, na mwaka ukiisha Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini. Mwaka wa 1982 ukumbi wenyewe ukabomolewa.

Sasa cheki akili ya Wahome. Kupitia kundi lake, Igiza Productions, alipeleka michezo kwa baa. Hakuna pazia, hakuna viti vya kifahari. Watu wako na bia zao, waigizaji wako hapo hapo mbele yao. Aliandika kwa Kikuyu, lugha ya wateja wengi wa baa hizo. Mchezo kama Mũgathe Mũbogothi ulimchora mtukufu anayebwabwaja tu, na kila mtu alijua anasemwa nani. Mwenye baa alipata wateja, waigizaji wakapata hadhira.

Nisikudanganye kwamba ilikuwa njia ya kila mtu. Mtoto haingii baa, na asiyejua Kikuyu angeachwa nyuma. Sisi mtaani tuna Waluhya, Wajaluo, Wanubi, Wakamba, kila mtu. Yetu itabidi iwe Kiswahili na Sheng.

Machi 2003 alifanyiwa upasuaji ulioonekana mdogo. Hakuzinduka. Alilala miezi minne na zaidi, akafariki Julai 22. Alikuwa na miaka 48.

Mimi niliacha chuo karo ilipokatika, na kwa muda nilidhani bila cheti na bila ukumbi sina pa kusimama. Wahome amenitoa hapo. Wiki hii kikundi chetu kinaenda kuongea na mwenye hoteli moja ya chapati hapa Kawangware. Jioni viti vyake huwa tupu. Wewe kwenu ni wapi kuna viti tupu?